Barua Iliyolala Foleni

Mpelelezi alikuwa amepiga magoti chini ya meza ya kompyuta namba tatu, dekio mkononi, akideki sakafu ambayo tayari ilikuwa safi.

Mkuu wa maabara alimtazama kutoka mlangoni, mikono mfukoni. "Afande, kama kazi ya polisi imekushinda, hapa tuna nafasi ya mtu wa usafi."

"Nitaleta maombi," alijibu mpelelezi bila kuinua kichwa.

Kituoni walimwita Taratibu, na jina hilo hawakumpa kwa mapenzi. Kesi ambayo wenzake huifunga kwa siku mbili yeye huikalia wiki nzima, na siku ya saba bado anauliza dirisha lilifunguliwa na nani. Sasa alikuwa amenasa waya wa mtandao kwenye nyuzi za dekio na anauvuta. Waya ukanyooka. Akavuta zaidi, kompyuta yenyewe ikasogea juu ya meza kwa kishindo, lakini waya haukutoka. Alijaribu kutoka kushoto, kutoka kulia, kwa nguvu na kwa upole, mara kumi na mbili kwa hesabu yake. Kichwa cha waya kilikuwa na kijino cha plastiki, na kijino hicho hakikukubali kuachia mpaka kibonyezwe kwa kidole.

"Hautoki," alisema, akasimama na kupangusa magoti.

"Nani kasema unatoka?" aliuliza mkuu, akaenda zake ofisini.

Kisa chenyewe, kwa mtu mwenye haraka, kilikuwa kimekwisha. Jumatatu saa moja na dakika kumi asubuhi ofisi ya maji ya mji ilipokea barua pepe kutoka maabara hii: maji ya kisima namba saba ni salama, kifunguliwe. Saa nne mgeni rasmi akakata utepe, akanywa maji ya chupa, akapigiwa makofi. Kufikia Jumanne jioni watu arobaini na wawili walikuwa wamelazwa, na Jumatano mzee mmoja fundi viatu akazikwa. Barua ilitoka kwa anwani ya mpima maji, mwanamke mwenye watoto wawili wa miezi minane, ambaye hapo kazini hakuna aliyemwita jina jingine ila Mama Pacha. Kitabu cha mlinzi kilionyesha kwamba saa ile jengo zima lilikuwa na watu wawili tu: mlinzi getini, na Mama Pacha ndani.

Mpelelezi wa kwanza alimkamata Jumanne ile ile alfajiri, kabla hajafika kazini, akalifunga jalada kwa nusu siku. Leo, Alhamisi, saa nane mchana, jalada lingekwenda kwa mwendesha mashtaka na Mama Pacha angekwenda gerezani kusubiri kesi. Huko mtu anaweza kusubiri mpaka watoto aliowaacha wananyonya wakaanza shule.

Taratibu alikabidhiwa jalada jana jioni ili apange kurasa tu. Badala ya kupanga kurasa, akaenda kumsikiliza mtuhumiwa. Mama Pacha alimweleza mambo ambayo hayakuwamo kwenye karatasi. Kwamba Ijumaa alipima maji ya kisima namba saba akakuta vijidudu, akaandika "si salama" kwenye daftari lake, na mkuu akamwomba mara tatu afikirie upya. Kwamba aliposikia kisima kimefunguliwa alikimbilia kwa mkuu, akaambiwa mji umepima wenyewe. Na jambo moja dogo, alilolisema huku akifuta machozi, kama mtu anayejaza maneno.

"Jumatatu nilifika wa kwanza, afande, kama siku zote. Nikaamsha mashine. Ya namba tatu nikakuta waya wake uko chini, nikasema dekio limeukumba, nikauchomeka. Nikaenda kuchemsha chupa zangu. Barua sikuandika. Naapa kwa wanangu."

Kuamsha mashine ilikuwa desturi ya maabara ile. Kompyuta zao zilikuwa kuukuu, zinachukua robo saa kuwaka, na anayefika wa kwanza huziwasha zote ili wenzake wakija wazikute tayari. Haikuwa imeandikwa popote. Na kwa kuwa miaka minne anayefika wa kwanza alikuwa mtu mmoja, ilikuwa imegeuka kazi yake. Tenda wema nenda zako, wanasema wahenga, ila hawakusema unakokwenda ni mahabusu.

Dekio, basi, lilikuwa limetoa ushahidi wake. Waya ule ulichomolewa na mkono wa mtu.

"Dada Nyaya," aliita Taratibu. "Iwashe."

Fundi wa kompyuta wa polisi alisogeza kiti. Mwanamke huyu alitembea na begi lenye nyaya nyingi kuliko nguo, na jina lake lilitoka humo. Alikwisha kuichunguza kompyuta ya Mama Pacha akakuta haina kitu. Makao makuu, ambako barua zote za ofisi hupitia, nako aliuliza, wakamwambia barua ile haikupita kwao kabisa. Mpelelezi wa kwanza alikuwa ameandika pembeni mwa jalada: *huenda aliifuta.* Kompyuta namba tatu, inayokaa kando ya mashine ya kupimia, hakuna aliyeigusa. Tangu Jumatatu jioni hakuna hata aliyeiwasha, maana mwenye kuamsha mashine alikuwa ndani.

Ikawaka taratibu, kama jina la mpelelezi. Dada Nyaya akalinganisha saa ya kompyuta na ya simu: zilipishana dakika mbili. Akaandika. Kisha akaanza kufungua makabati ya ndani, moja baada ya jingine, na baada ya nusu saa akaacha kutafuna kalamu.

"Afande, njoo uone. Hili faili, ukilibofya halifunguki. Halifanyi kitu."

"Sasa lipo la nini?"

"Ni faili la maktaba. Peke yake halina kazi, programu nyingine ndizo zinakuja kuazima ujuzi wake. Lipo la kuchora, lipo la kuchapisha. Hili ujuzi wake ni posta."

"Posta?"

"Posta kamili. Fundi aliyeleta mashine ya kupimia aliliweka miaka mitatu iliyopita, tarehe hii hapa, ili mashine ikiharibika imwandikie yeye barua. Lakini likishakaa humu, mtu yeyote anayejua anaweza kulitumia. Kompyuta inapokea barua, inaitunza, inaibeba yenyewe mpaka mlangoni kwa mwenyewe. Makao makuu haipiti."

"Na jina la mtumaji?"

"Unaandika unalotaka. Haiulizi nywila. Ukisema wewe ni mfalme wa mwezini, inakugongea muhuri."

Taratibu alivuta kiti akakaa. Alikuwa na swali moja, na aliliuliza polepole kwa sababu aliliogopa jibu lake.

"Waya wa mtandao ukiwa umechomolewa, barua inakwenda wapi?"

"Haiendi. Inakaa foleni." Dada Nyaya akageuka kumtazama. "Mtandao ukirudi, inatoka yenyewe."

Vidole vya Dada Nyaya vikaanza kukimbia. Posta ile, kama posta nyingine zote, ilikuwa na daftari lake, na daftari likasema wazi: barua imeingia foleni Ijumaa, saa kumi na dakika ishirini jioni. Imetoka foleni Jumatatu, saa moja na dakika kumi asubuhi.

"Imelala humu siku tatu," alisema Dada Nyaya. "Ikimsubiri mwenye kuchomeka waya."

Taratibu alihisi hasira, na hakuificha. Aliliweka dekio ukutani kwa nguvu mpaka likaanguka. Mtu alikuwa ameuchukua wema wa mwenzake akautumia kama kidole cha kubonyezea.

Akaenda getini, akarudi na kitabu cha mlinzi. Ijumaa, Mama Pacha alitoka saa nane na hakurudi. Kadi ya kliniki ya pacha, ambayo Taratibu aliiona jana mkononi mwa bibi yao, ilikuwa na muhuri wa siku hiyo, saa tisa na nusu. Mtu wa usafi alitoka saa sita. Waliobaki ndani mpaka saa kumi na moja walikuwa wawili: mkuu wa maabara na karani wa mapokezi.

"Bado kuna kitu," alisema Dada Nyaya. "Barua ilikuwa na bahasha mbili. Moja ya ofisi ya maji, hiyo imefika. Ya pili ni nakala, imeandikiwa sanduku la binafsi. Jina la sanduku ni *mtomkuu* na tarakimu nne. Hiyo haijafika mpaka leo."

"Kwa nini?"

Akacheka kidogo. "Sanduku limejaa. Mwenyewe hafuti barua zake. Posta yetu imebisha hodi kutwa nzima Jumatatu, kila robo saa, ikirudishwa. Na leo tangu niiwashe imeanza tena. Inajaribu siku saba kabla ya kukata tamaa."

"Jina si ushahidi. Mwenye sanduku tunamjuaje kwa hakika?"

"Kampuni iko ng'ambo. Amri ya mahakama, wiki tatu. Wakiamka vizuri."

Saa ya ukutani ilisema saa sita na dakika arobaini.

Karani wa mapokezi alikuwa mwanamume wa makamo mwenye kalamu tatu mfukoni. Aliketi mbele ya Taratibu akiwa ameshikilia magoti yake.

"Ijumaa jioni uliingia chumba hiki?"

"Sikuingia, afande."

"Hata mlangoni?"

"Hata mlangoni."

Taratibu alisukuma karatasi mbele yake. "Printa inasema saa kumi kasoro robo kuna mtu alichapisha kurasa themanini kutoka kompyuta namba tatu. Mkuu anasema hakuondoka mezani kwake. Mlinzi hajui hata inawashwaje. Nisaidie."

Jasho likamtoka karani. Alitazama mlango, akatazama dari, kisha akainama. "Kadi za harusi ya binti yangu," alinong'ona. "Karatasi za ofisi, afande. Nilisema nani atajua. Mama watoto alishaniambia, ‘Baba, tutaaibika,’ nami sikusikia."

"Ulimaliza saa ngapi?"

"Saa kumi kamili nilishatoka chumba hiki. Barua ya mtu mimi sijui. Nihurumie, harusi ni Jumamosi."

Labda alisema kweli. Labda kadi themanini zilikuwa pazia la kuficha jambo jingine. Aliyekwisha kudanganya mara moja hana haki ya kuaminiwa mara ya pili, lakini pia kudanganya kuhusu kadi si kuua. Taratibu alikuwa na watu wawili, neno la mmoja dhidi ya la mwenzake, na simu yake ilikuwa inalia.

"Taratibu!" Ilikuwa sauti ya mkuu wa kituo. "Kalamu ninayo mkononi. Gari la gereza limeshafika."

"Afande, nipe mpaka saa nane."

"Saa nane ndiyo hiyo hiyo niliyokwambia jana. Sina nyingine. Na huyu bibi hapa kwenye benchi na watoto wake, wamelia tangu asubuhi, kituo hakikaliki."

Taratibu akakata simu, akamwinamia Dada Nyaya. "Inajaribu kila robo saa, siyo? Unaweza kuifanya ijaribu kila dakika?"

"Naweza. Lakini sanduku limejaa, afande. Itabisha hodi bure."

"Mpaka mwenyewe apunguze."

Dada Nyaya akatabasamu, akaivuta kibodi karibu.

Ofisi ya mkuu ilikuwa jirani na chumba kile, imetengwa kwa kioo tu. Saa saba na dakika ishirini na tano Taratibu aliwaketisha humo mkuu na karani, yeye akakaa kuelekea kioo. Ng'ambo ya kioo alimwona Dada Nyaya, kichwa chini.

"Nimekuja kuaga," alisema. "Jalada linaondoka saa nane."

Mkuu alishusha pumzi. "Inasikitisha. Mfanyakazi mzuri yule. Ila uchovu wa uzazi, unajua, mtu anaandika asichokijua."

"Kuna kijambo kimoja kimebaki, cha kumalizia karatasi tu. Barua ile ilikuwa na nakala. Imeandikiwa sanduku la mtu binafsi." Taratibu alifungua daftari lake bila haraka, akalifunga tena. "Wenye kampuni watatufungulia sanduku hilo kesho asubuhi. Tutasoma kila kilichomo. Basi, kesho tutajua mengi."

Karani alishika kalamu zake mfukoni. Mkuu alitikisa kichwa kwa upole.

"Mama Pacha na masanduku ya siri," alisema. "Kikulacho ki nguoni mwako."

"Ndivyo wanavyosema," alikubali Taratibu. "Wakati tunasubiri gari, naomba nisome maelezo yenu mara ya mwisho, mniambie kama kuna kosa."

Akaanza kusoma. Alisoma kama anavyofanya kila kitu. Alisoma tarehe, alisoma anwani, alirudia mstari aliousoma. Dakika tano zikapita. Karani akatoa simu yake yenye kioo kilichopasuka, akaiweka mezani, akaichukua tena.

"Samahani," alisema mkuu, naye akitoa yake. "Mke wangu. Nimjibu ujumbe mmoja."

"Jibu tu, mkuu. Nyumba kwanza."

Mkuu aliishika simu chini ya meza. Kidole chake kilikuwa kinagusa, kinagusa, kinagusa. Kwa mtu anayemjibu mkewe neno moja, kidole kile kilikuwa na maneno mengi. Saa saba na dakika thelathini na nne. Taratibu alitazama kioo: Dada Nyaya alitikisa kichwa. Bado.

Ghafla simu ikalia. Taratibu akainuka nusu ya kiti. Ilikuwa ya karani.

"Shangazi yake binti," alisema karani. "Anauliza kadi."

"Mwambie zipo," alisema Taratibu, akaketi tena. Akaendelea kusoma. "‘Mimi mkuu wa maabara nathibitisha kwamba siku ya Ijumaa sikuingia chumba cha kupimia.’ Sahihi hapo?"

"Sahihi." Hakuinua macho. Kidole kikaendelea. Paji lake la uso lilikuwa linang'aa ingawa feni ilikuwa inazunguka.

Saa saba na dakika thelathini na nane. Bado. Thelathini na tisa. Mwenye kufuta barua za miaka sita kwa kidole kimoja ana kazi, kwanza kuzitupa jalalani, kisha kulimwaga jalala lenyewe. Taratibu alifika ukurasa wa mwisho na hakuwa na kingine cha kusoma. Akarudi wa kwanza.

"Hiyo umeshaisoma," alisema mkuu.

"Mimi ni mzito wa kuelewa."

Saa saba na dakika arobaini na moja simu ya mkuu ikalia mlio mfupi, mmoja. Wakati huohuo kioo kikagongwa. Dada Nyaya alikuwa amesimama, amegeuza kompyuta, na kidole chake kilikuwa chini ya mstari wa mwisho wa daftari la posta: *imepokelewa.*

"Mkuu," alisema Taratibu, "umepata barua."

Mkuu aliutoa mkono wake chini ya meza, akautazama kana kwamba si wake. Juu ya kioo cha simu, mbele ya karani na mpelelezi, yalisomeka maneno yote: kutoka kwa Mama Pacha, maji ya kisima namba saba ni salama, kifunguliwe. Nakala aliyojiandikia Ijumaa, ili ajue barua imeondoka, ilikuwa imebisha hodi tangu Jumatatu. Mwenyewe ndiye aliyeipisha mlangoni.

"Weka simu mezani. Usiiguse tena."

"Mgeni rasmi alishaalikwa," alisema mkuu. "Mwezi mzima. Kadi zilishatoka. Ulitaka nimwambie nini? Nilidhani watatia dawa baadaye. Nilidhani..."

"Ulichomoa waya kwa kidole kipi?" aliuliza Taratibu, na kwa mara ya kwanza siku ile alikuwa na haraka ya kujibiwa. Mkuu aliiweka simu mezani. Taratibu akapiga simu kituoni na kusema maneno manne: "Weka kalamu chini, afande."

Gari la gereza lilikuwa bado linanguruma uani mwa kituo walipofika. Mkuu wa maabara aliingizwa kwa mlango wa nyuma, na kwa mlango wa mbele akatolewa Mama Pacha, miguu mitupu, viatu mkononi. Mama yake alisimama kutoka kwenye benchi akampa watoto, mmoja baada ya mwingine. Pacha wakamrukia kifuani kama wanaomdai.

Taratibu alisubiri wanyonye. Kisha akavuta kiti akamweleza yote, tangu faili lile la posta mpaka kijino cha waya, kwa sababu angeyasikia mahakamani na ni afadhali ayasikie kwa mtu anayesema polepole. Mama Pacha alimsikiliza bila kumkatiza. Taratibu alipofika kwenye asubuhi ya Jumatatu, mikono ya Mama Pacha iliacha kuwapapasa watoto.

"Kwa hiyo barua ilikuwa inanisubiri mimi."

"Ilikuwa inamsubiri yeyote."

"Lakini wa kwanza ni mimi. Yeye alijua wa kwanza ni mimi."

Taratibu alikuwa na maneno kadhaa ya kumpoza, na yote alishawahi kuyatumia kwa watu wengine. Safari hii aliona aibu kuyatoa. "Alijua," alisema.

"Mwanangu, twende nyumbani," alisema mama yake, akikusanya khanga na chupa. "Maji yakimwagika hayazoleki. Umetoka, mshukuru Mungu."

Mama Pacha alisimama, mtoto kila mkono. Alifika mlangoni akageuka.

"Yule mzee fundi viatu, afande. Kwao ni wapi?"

Taratibu alichana karatasi kwenye daftari lake, akamwandikia mtaa na nyumba, akamweleza njia. Kwa kuwa mikono ya mwanamke yule ilikuwa imejaa, karatasi aliichukua bibi.